Weka Tochi kwa Hesabu: Namna ya Kuzuia Maadui Kuzuka kwenye Minecraft

Nyumba ina tochi hamsini, sebule inang'aa kama ukumbi wa harusi, na bado ukifungua mlango unamkuta kripa, yule adui anayelipuka, amesimama barazani anakusubiri. Malalamiko ya namna hii husikika kila mahali vijana wa Moshi na Arusha wanapokutana kuzungumzia gemu hii ya Minecraft, na karibu kila mara chanzo ni kilekile: tochi zimerundikwa pale ambapo mwanga ulikwishatosha, na kona yenye giza haikupata hata moja. Kuongeza tochi nyingine hamsini sebuleni hakutabadilisha kitu. Kinachotakiwa ni kujua mwanga wa tochi moja unafika bloku ya ngapi (bloku ni vile vipande vya mchemraba vinavyojenga dunia ya gemu), kisha kuzipanga kwa kuhesabu.

Tuanze na kanuni yenyewe, maana ilibadilika na wengi hawakupata habari. Kabla ya toleo 1.18, lililotoka tarehe 30 Novemba 2021, adui aliweza kuzuka mahali popote penye mwanga wa kiwango cha 7 au chini yake. Tangu toleo hilo, katika dunia ya kawaida, zombi, skeletoni, kripa, buibui na Enderman huzuka tu pale ambapo mwanga wa bloku ni 0 kamili. Ukiwa 1, hawazuki. Hii ni kwa wanaocheza Java kwenye kompyuta na kwa wanaocheza Bedrock kwenye simu. Video nyingi za zamani bado zinafundisha hesabu ya 7, na anayezifuata anachoma makaa mengi bure.

Nimesema "mwanga wa bloku" kwa makusudi. Gemu inahesabu mianga miwili mbalimbali. Upo mwanga wa anga, unaoshuka kutoka juu na kufika 15 mahali palipo wazi, na upo mwanga wa bloku, unaotoka kwenye tochi, kandili, lava na vitu vya aina hiyo. Mchana mwanga wa anga unakulinda. Jua likizama haukulindi tena, hata kama namba yake kwenye skrini bado inasomeka 15. Ikipiga mvua ya radi mchana, nayo huhesabiwa kama usiku kwa upande wa maadui, kwa hiyo uwanja uliokuwa salama saa sita mchana unaweza kujaa mazombi ghafla. Ndiyo maana madirisha makubwa hayatoshi kulinda chumba. Kila sehemu inayokanyagika lazima iwe na walau mwanga wa bloku wa 1 utokao kwenye taa.

Jambo jingine linalowadanganya wanaocheza kwa simu: ile mipangilio ya kuongeza ung'avu wa gemu. Ukicheza nje juani, lazima uipandishe hadi mwisho ndipo uone kitu, na hapo pango lote linaonekana kama lina mwanga. Mipangilio hiyo inabadilisha picha unayoiona wewe tu. Kiwango cha mwanga ndani ya gemu kinabaki vilevile, na kripa anazuka kwenye sifuri yake kama kawaida. Ukitaka kukagua kwa macho, shusha ung'avu hadi chini kabisa, subiri usiku, ingia kivulini, kisha zunguka eneo lako.

Kwa kompyuta kuna njia ya uhakika zaidi. Bonyeza F3 (kwenye laptopu nyingi ni Fn na F3 pamoja), tafuta mstari wa Client Light, soma namba ya block. Inasoma bloku ile ambayo miguu yako imo. Tembea kwenye kona zote; ukikuta 0, hapo panahitaji taa. Bedrock haina mstari huo, kwa hiyo mwenye simu anategemea kuhesabu, na kuhesabu kwenyewe si kugumu.

Tochi ina mwanga wa 14 pale ilipo. Kila bloku moja unayosogea, mwanga unapungua 1. Bloku ya 13 kutoka kwenye tochi ina mwanga wa 1, ya 14 ina 0. Umbali huu haupimwi kwa mstari wa kukata kona. Unapimwa kama unavyotembea katikati ya mji wa Moshi: huwezi kupita ndani ya maduka, unafuata barabara, unakata kona, unafuata nyingine. Bloku 6 kwenda mashariki na 6 kwenda kaskazini ni umbali wa 12, hata kama kwa jicho panaonekana karibu. Kupanda na kushuka nako kunahesabiwa. Kwa hiyo eneo linaloangazwa na tochi moja, ukiliangalia kutoka juu, halina umbo la duara. Lina umbo la mraba uliosimama kwenye ncha yake, na giza linakaa kwenye pembe kati ya tochi nne.

Sasa hesabu ya uwanja tambarare. Panga tochi kwa safu, kila moja ikiwa bloku 13 kutoka kwa mwenzake pande zote, yaani kati ya tochi na tochi unaacha bloku 12 tupu. Sehemu ya mbali zaidi, katikati ya tochi nne, itakuwa hatua 6 upande mmoja na 6 upande mwingine, jumla 12, na mwanga wake ni 2. Ukisogeza ziwe 14 kila upande, katikati panakuwa 7 na 7, jumla 14, mwanga 0, na hapo umewaachia maadui bloku moja moja za kuzukia. Bloku moja inawatosha. Usiende 14.

Njia rahisi ya kutopoteza hesabu ni kutumia namba za mahali. Kwenye Bedrock, washa Show Coordinates kwenye mipangilio ya dunia yako. Kwenye Java zimo kwenye F3. Kisha weka tochi kwenye kila sehemu ambapo X na Z zote zinagawanyika kwa 13: 0, 13, 26, 39, 52, 65, 78, 91, na upande wa hasi vivyo hivyo, -13, -26, -39. Ukitumia mtindo huu, hata ukirudi baada ya mwezi na kupanua eneo, safu mpya zitakutana na za zamani bila kuacha ufa.

Vifaa ni vichache kuliko watu wanavyodhani. Chukua uwanja wa bloku 100 kwa 100. Kwa nafasi ya 13 unahitaji safu 8 zenye tochi 8, jumla tochi 64, rundo moja kamili. Kijiti kimoja na kipande kimoja cha makaa ya mawe vinatoa tochi 4, kwa hiyo rundo hilo linahitaji vipande 16 vya makaa na vijiti 16. Vijiti 16 vinatoka kwenye mbao 8, na mbao 8 zinatoka kwenye magogo 2. Huna makaa ya mawe? Choma magogo kwenye tanuri upate mkaa, unafanya kazi ileile. Kwa kanuni ya zamani ya 7, uwanja huohuo ulihitaji safu 15 zenye tochi 15, yaani 225. Hiyo ndiyo tofauti ambayo mabadiliko ya 2021 yalileta, na inashangaza kuona bado watu wanajaza tochi kila bloku tano.

Anza tochi ya kwanza bloku 6 kutoka ukingoni, siyo ukingoni kabisa, la sivyo nusu ya mwanga wake inamwagika nje ya eneo lako.

Ukiinua tochi juu ya nguzo moja ya uzio, umeongeza hatua 1 ya kushuka. Nafasi ya 13 bado inafaa: 6 na 6 na 1 ni 13, mwanga unabaki 1. Ukiiweka juu ya nguzo mbili, jumla inakuwa 14, na giza linarudi katikati. Kwa taa za barabarani zilizo juu zaidi, tumia kandili, ile inayofanana na chemli. Inatoa 15, na inatengenezwa kwa tochi 1 na punje 8 za chuma. Mche mmoja wa chuma hutoa punje 9. Kandili iliyo bloku 3 juu ya usawa wa miguu inataka nafasi ya 11. Glostoni, taa ya bahari, boga lenye taa na moto wa kambi nazo zinatoa 15. Ikiwekwa usawa wa miguu kwenye tambarare, taa yoyote ya 15 inaruhusu nafasi ya 14.

Kwenye handaki mambo ni mepesi zaidi. Handaki la upana wa bloku moja, tochi ikiwa sakafuni, linaruhusu tochi moja kila baada ya bloku 27. Ukiibandika ukutani usawa wa kichwa, ni kila 25. Handaki la upana wa tatu, tochi zikiwa ukuta mmoja tu, mwanga unatumia hatua mbili kuvuka hadi upande wa pili, kwa hiyo shuka hadi 20 au 21. Waliozoea kubandika tochi kila bloku saba handakini wanaweza kuziacha kwa ajili ya macho yao, hakuna ubaya, ila maadui hawahitaji zote hizo.

Penye kazi ni kwenye mteremko. Ukijenga kwa mfano wa huku kwetu, mashamba ya ngazi yaliyopanda kilima na nyumba zilizotegemea mlima, hesabu ya 13 itakuangusha. Kwenye tambarare una akiba ya hatua 1 tu. Ardhi ikipanda bloku 2 kati ya tochi na katikati ya mraba, umeshafika 14. Kwa mteremko wa kawaida tumia nafasi ya 9: katikati panakuwa 4 na 4, jumla 8, na unabaki na akiba ya 5 kwa ajili ya kupanda na kushuka. Kwenye ukingo wa genge, weka tochi juu na nyingine chini kwenye kitako, usitegemee moja ihudumie pande zote mbili. Na kumbuka mwanga haupiti ndani ya bloku zisizopitisha mwanga. Tochi iliyo upande wa pili wa ukuta, hata ikiwa hatua mbili tu kutoka ulipo, haikusaidii mpaka mwanga wake uzunguke kupitia mlangoni, na kuzunguka huko kunahesabiwa hatua kwa hatua. Chumba cha stoo nyuma ya sebule kinahitaji tochi yake.

Sehemu zinazosahaulika ni zilezile kila nyumba. Ya kwanza ni paa. Paa bapa la mawe ni uwanja kamili wa kuzukia, na kripa anayekuangukia mlangoni mara nyingi ametoka juu. Kisha kuna uvungu wa ngazi, nafasi nyuma ya makasha, dari mbili zenye uwazi katikati, sakafu ya zizi, na chini ya miti minene ambako hata mchana kuna kivuli cha kutosha kuzua zombi. Kwenye Java, juu ya majani yenyewe hawazuki. Na kuna mapango yaliyo chini ya nyumba, ambayo ukisikia milio ya mazombi usiku kucha ndiyo yanayoimba.

Mapango hayo yana uhusiano na jambo ambalo ningependa kila mchezaji alielewe. Gemu ina kikomo cha maadui. Kwenye Java, ukicheza peke yako, ni 70 kwa wakati mmoja. Gemu inajaribu kukijaza kikomo hicho mara 20 kwa sekunde, ikitafuta mahali penye giza kukuzunguka. Ukiangaza uso wa ardhi wote na kuacha mapango, wale maadui wanahamia mapangoni, na wewe uko juu kwa amani. Ukiangaza mapango pia na kuacha banda moja nyuma ya nyumba, basi banda hilo ndilo linalobaki kupokea wageni wote. Ndiyo maana mtu anaweza kufanya kazi kubwa ya kuangaza kisha akaona kona moja imekuwa mbaya kuliko zamani. Hajakosea njia, amebakiza kona. Kwenye Bedrock maadui wa juu ya ardhi na wa mapangoni huhesabiwa mbalimbali, kwa hiyo kuacha mapango gizani hakukupunguzii waliopo juu kwa kiasi hicho.

Umbali nao una sheria zake. Adui hazuki ndani ya bloku 24 kutoka ulipo. Ukiwa umekaa sebuleni, chumba cha jirani hakuzuki adui ndani yake hata kikiwa giza totoro. Shida inaanza ukienda kuchimba: ukishavuka bloku 24, chumba kile kinafunguliwa, na ukirudi unamkuta mpangaji ndani ya milango iliyofungwa. Watu hudhani ameingia dirishani. Amezuka humohumo.

Mwisho wa mbali kwenye Java ni bloku 128. Adui aliye zaidi ya hapo hufutika mara moja, isipokuwa aliyepewa jina kwa kibandiko au zombi aliyeokota kitu chako. Kwenye Bedrock, ukiweka umbali wa uigaji (Simulation Distance) kuwa chanki 4, ambapo kila chanki ni eneo la bloku 16 kwa 16, jambo ambalo simu nyingi za bei ya kawaida zinalihitaji, maadui wanazuka kati ya bloku 24 na 44. Hii ni habari njema kwa mwenye simu. Kama unataka usione adui juu ya ardhi ukiwa nyumbani, angaza bloku 44 kila upande. Uwanja wa 89 kwa 89 unahitaji safu 7 za tochi 7, jumla 49. Mwenye Java anayetaka kufika 128 kila upande atahitaji safu 20 za tochi 20, yaani 400, ambazo ni vipande 100 vya makaa. Ni kazi ya jioni moja au mbili, na inafanyika.

Kuna wasiopenda tochi zilizotapakaa kama mishumaa ya makaburini, hasa waliojenga kitu kizuri. Kwao ipo njia ya kutotumia mwanga kabisa. Adui anataka kusimama juu ya bloku nzima iliyo imara. Mpe kitu kingine asimame, hazuki hata kukiwa giza.

Slabu ya chini, ile nusu ya bloku iliyokaa sehemu ya chini, ndiyo ninayoiamini kuliko zote, kwa sababu inafanya kazi kwenye Java na kwenye simu. Kosa linalofanyika ni kuiweka nusu ya juu. Slabu ya juu, au slabu mbili zilizobanana, inahesabiwa kama bloku nzima, na adui anazuka. Ukiangalia chini, uso wa sakafu lazima uonekane umezama nusu. Ngazi zilizowekwa wima zinafaa kwa mapaa. Ngazi zilizogeuzwa juu chini hazifai, uso wake ni mzima. Kioo kinafaa. Kwenye Java unaweza pia kutumia zulia, vitufe vya mawe, reli na bamba za kukanyaga juu ya bloku, na vitufe ndivyo rahisi zaidi: jiwe 1 kitufe 1.

Slabu zina gharama. Ule uwanja wa 100 kwa 100 ni bloku 10,000. Kwenye mashine ya kukatia mawe, jiwe 1 linatoa slabu 2, kwa hiyo unahitaji mawe 5,000, na slabu zenyewe ni marundo 157, yanayojaza makasha makubwa matatu karibu yote. Kwa uwanja mzima sishauri. Kwa paa, kwa baraza, kwa njia za kutembea, ni nzuri mno. Njia ya kati ni kuficha taa: chimba bloku moja, weka glostoni au boga lenye taa, funika kwa zulia. Mwanga unapita kwenye zulia, na anayepita juu haoni kitu.

Kwenye shamba weka tochi karibu zaidi kwa sababu nyingine. Mwanga wa 1 unazuia maadui, lakini ngano na karoti vinataka 9 kwenda juu ndipo viendelee kukua usiku, na 9 inapatikana ndani ya hatua 5 kutoka kwenye tochi.

Tochi nazo hutoweka. Maji yakipita juu yake yanaing'oa. Bloku iliyoishikilia ikiondoka, nayo inaanguka, na Enderman ana tabia ya kubeba udongo, nyasi na mchanga. Ukikuta tochi imelala chini kama kitu cha kuokota katikati ya uwanja, angalia kama kuna shimo la bloku moja pembeni. Zirudishe mapema, kwa sababu tochi moja ikikosekana kwenye mpango wa 13 panabaki kipande kikubwa cha giza, na hiyo ndiyo kasoro ya kupanga kwa uchache. Mwenye uwanja wa nyasi anaweza kuweka jiwe moja la kokoto chini ya kila tochi. Enderman habebi jiwe hilo.

Wapo maadui wasiojali hesabu hizi, na ni vizuri kuwajua ili usilaumu tochi.

Slaimu ndiye anayewachanganya watu zaidi. Takriban chanki moja kati ya kumi ni chanki ya slaimu. Ndani yake, chini ya Y 40 (Y ni namba ya kimo), slaimu anazuka hata kama umewasha taa kila ukuta. Dawa yake ni slabu sakafuni, au kuhamisha chumba chanki moja pembeni. Kwenye kinamasi ni tofauti: anazuka usiku kati ya Y 51 na 69, mwanga ukiwa 7 au chini yake, kwa wingi zaidi mwezi ukiwa mpevu na hazuki kabisa mwezi ukiwa haupo. Huko rudi kwenye nafasi ya zamani ya tochi kila bloku 7.

Fantomu hutoka angani kwa mchezaji ambaye hajalala siku tatu za gemu, sawa na saa moja ya kwetu, maana siku moja ya gemu ni dakika 20. Lala kitandani, sufu 3 na mbao 3 zinatosha kukitengeneza. Paa juu ya kichwa chako linamzuia asije, na paka humfukuza yeye pamoja na kripa. Doria za wavamizi wenye pinde nazo huanza baada ya siku tano za gemu na hutokea hata mchana. Mwanga wa 1 au 2 hauwazuii, ni ukuta na mlango.

Kizimba kinachozalisha mazombi au skeletoni kinaamka ukiwa ndani ya bloku 16. Kama hukihitaji, kivunje kwa sururu. Kama unataka kukitunza kwa ajili ya kukusanya pointi za uzoefu baadaye, bandika tochi juu yake na pande zake nne, kisha nyingine sakafuni kuzunguka.

Nether, ile dunia ya moto unayoingia kupitia lango, ni nchi nyingine. Nguruwe-zombi anazuka hadi mwanga wa 11, kwa hiyo tochi ingemzuia hatua 2 tu kuizunguka. Kiumbe wa magma hajali mwanga wowote. Usipoteze makaa huko. Tandika slabu za chini, jenga kuta za mawe ya kokoto kuzunguka lango kwa sababu mpira wa moto wa ghast, yule kiumbe mkubwa anayeelea hewani, hauvunji mawe hayo, na fanya dari iwe chini ya bloku 4 ili ghast mwenyewe asienee. Na upande wa nyumbani, ujue nguruwe-zombi hutoka mara mojamoja ndani ya lango lenyewe, kwa hiyo lifungie kwenye chumba chenye mlango.

Nimalizie na wale wanaojenga Kilimanjaro, maana huku kwetu ni wengi na kazi zao ni nzuri. Kutoka Moshi mjini hadi kilele cha Kibo, mita 5,895, kuna kama mita 5,000 za kupanda. Ukifanya bloku 1 kuwa mita 20, ni bloku 250, na ukianzia usawa wa bahari wa gemu, Y 63, kilele kinafika 313, chini kidogo ya mwisho wa Y 319. Kinatosha. Tatizo linakuja juu: tabaka jembamba la theluji huyeyuka mwanga wa bloku ukifika 12, na tochi ya kawaida ina 12 au zaidi ndani ya hatua 2. Kibo inatoboka madoa meusi kila penye tochi, na kama dunia yako haiko kwenye eneo la baridi, theluji haitaanguka tena kuyaziba.

Tumia tochi ya roho, ile yenye moto wa bluu. Kipande cha makaa, kijiti na mchanga wa roho kutoka Nether vinatoa 4. Mwanga wake ni 10, hauyeyushi kitu, na unafika hatua 9. Kwenye sehemu bapa ya kileleni zipange kila bloku 9. Kwenye mteremko shuka hadi 6, ambapo katikati ni 3 na 3 na unabaki na akiba ya 3 kwa ajili ya mwinuko. Bloku nzima za theluji haziyeyuki, kwa hiyo zijengee kwanza, simika tochi za roho juu yake, hesabu safu zote, halafu ndipo umwage lile tabaka jembamba la juu. Ukianza na tabaka, kila tochi ya kawaida uliyoisahau wakati wa ujenzi itaacha shimo utakaloliona kutoka chini kabisa.